Boga, Nguruwe na Sufuria Moja

Litapunga, Mei

Mvua zimekatika wiki mbili zilizopita na njia ya kutoka Mpanda imeanza kutimua vumbi. Mashambani mahindi yamesimama makavu, na chini ya mabua yamelala maboga. Yalikuwepo muda wote huo, ila majani yake yaliyafunika. Sasa majani yamenyauka na maboga yamebaki wazi kama mawe: ya kijivu, ya rangi ya chungwa, mengine ya kijani yenye mistari myeupe. Kijana wa bodaboda aliyenileta alipunguza mwendo bila kuombwa ili nitazame. "Huu ndio mwezi wetu, kaka," alisema. "Asiyeshiba Mei, hashibi tena."

Kwenye daftari langu upo ukurasa niliouandika Oktoba moja mjini Leeds, Uingereza, nilipokuwa nasoma. Umelowa mafuta hadi unapitisha mwanga. Ni mapishi ya trei moja niliyofundishwa na mama aliyenipangisha chumba: bega la nguruwe likatwe vipande vya ukubwa wa ngumi ya mtoto, boga lenye shingo ndefu, vitunguu maji viwili, tufaha moja, majani ya seji, chumvi, oveni nyuzi 200, dakika 50. Nimesafiri na ukurasa huo miaka mingi. Nilipoalikwa Litapunga na familia ya rafiki niliyesoma naye, niliamua kwamba hapa ndipo utakapopikwa. Oveni hakuna, tufaha hakuna, seji hakuna. Lakini boga lipo, nguruwe yupo, na majira yapo.

Hayo majira ndiyo yaliyonishughulisha kwanza. Kamusi nyingi zikitafuta neno la miezi ile ya Ulaya ya majani kupukutika hutoa "vuli", na kila nikilisoma natatizika, kwa sababu vuli ninayoijua mimi, mtu wa Tanga, ni mvua fupi za mwisho wa mwaka. Mkoa huu wa Katavi hauna hata hiyo vuli. Mvua huanza kama Novemba, zikakatika Aprili au mwanzoni mwa Mei, basi. Ni msimu mmoja tu, kisha kipupwe, kisha joto. Majani ya miombo hupukutika kiangazi. Halafu Septemba, kabla ya tone moja la mvua kudondoka, miti huchipua majani mapya mekundu. Nilipoyaona mara ya kwanza kupitia dirisha la treni, kwenye reli ile ya kilomita 210 ya kutoka Kaliua hadi Mpanda, moyo ulinidunda nikadhani ninatazama miti ya Leeds. Wekundu ni uleule. Kule ni jani linalokufa, na huku ni jani linalozaliwa.

Kwa hiyo mtu akifuata rangi ya majani, atasema majira hayo Litapunga ni Septemba. Akifuata chungu, ni sasa. Mimi nimekuja kupika.

*

Mama mwenyeji wangu alizaliwa Burundi. Alivushwa mpaka mgongoni mwa mama yake mwaka 1972, watu walipokuwa wanakimbia mauaji, na akakulia kwenye makazi ya Katumba yaliyofunguliwa porini upande huu wa Mpanda. Aliishi kwa karatasi za ukimbizi zaidi ya miaka 40. Mwaka 2014 serikali ilipoanza kuwapa vyeti vya uraia wakimbizi zaidi ya 160,000 wa makazi ya Katumba, Mishamo na Ulyankulu, naye alipata chake. Amekitia kwenye mfuko wa nailoni pamoja na kadi za kliniki za watoto. Kiswahili chake ni cha huku, kizito na chenye adabu, ila akizungumza na dada yake boga huwa *umwungu* na nguruwe huwa *ingurube*.

Nilimwamkia, "Shikamoo mama," akaitikia, "Marahaba mwanangu," kisha akanisikiliza nikimsomea ule ukurasa neno kwa neno. Nilipofika kwenye tufaha alinikatiza. "Hilo tufaha linafanya kazi gani?" Nikamwambia linaleta utamu wenye ukali kidogo, ili mafuta yasikinaishe. Akanyanyuka, akarudi na chupa ya asali nyeusi na ndimu mbili. Asali ya miombo ya huku haina haja ya kusifiwa. Ile nyeusi ina uchungu kidogo mwishoni ambao ndio hasa nyama ya mafuta inautaka. Hapohapo tufaha nikalisahau.

Seji haikupata mbadala. Ile harufu yake ya majani makavu na kafuri sikuiona kwenye kichaka chochote, na sikutaka kulazimisha. Tukatumia kitunguu saumu na tangawizi.

*

Nguruwe tulimfuata kwa jirani. Hapa wanafugwa bandani, kwenye mabanda ya miti yaliyoinuliwa kidogo, na chakula chao ni pumba ya mahindi, machicha ya pombe na maboga yaliyochubuka. Nilimsimulia mama kwamba kusini mwa Uingereza, kwenye msitu wa New Forest, wenye haki za malisho hadi leo huwafungulia nguruwe msituni katika miezi ya majani kupukutika ili wale kokwa za mialoni zilizodondoka. Nguruwe hunenepa, na farasi wadogo wa msituni husalimika, maana kokwa mbichi huwadhuru. Zamani Novemba ilikuwa mwezi wa kuchinja: baridi inakuja, chakula cha kumlisha mnyama hakipo, na nyama ikitiwa chumvi inafika hadi mwakani.

Mama alitikisa kichwa. Kumwachia nguruwe porini! Ana sababu, nami nimekaa naye muda mrefu kwenye jambo hili kwa kuwa ndilo linalotenganisha kabisa nguruwe wa Litapunga na yule wa New Forest. Kusini mwetu ipo Hifadhi ya Taifa ya Katavi, na porini wapo ngiri. Ngiri hubeba virusi vya homa ya nguruwe ya Afrika bila kuumwa, na papasi waishio kwenye mashimo yao huvihamisha kwa kuuma. Ugonjwa huo ulielezwa kwa mara ya kwanza na mtafiti aitwaye Montgomery nchini Kenya mwaka 1921, baada ya nguruwe wa walowezi kufa kwa wingi. Mtu haumdhuru. Nguruwe wa kufugwa huwamaliza banda zima kwa siku chache, na dawa ya kumponya hakuna. Mama aliwahi kuingia bandani asubuhi akakuta sita wamelala wakiwa wamekwisha kufa, na wa saba anapumua kwa shida. Alikuwa amewahesabia ada ya shule. Tangu hapo hakuna mgeni anayekanyaga banda lake na viatu vya njiani, na mabaki ya chakula cha hotelini hayaingii humo hata yaletwe bure.

Jirani alituchinjia asubuhi. Kabla ya kulipa, mama aligeuza ulimi wa nguruwe, akakata mnofu wa paja na kuutazama kwenye jua. Anatafuta vipunje vyeupe kama punje za mchele. Hivyo ni minyoo ya tegu, na nyama yenye hivyo haibebwi. Mayai ya tegu yakimwingia mtu kwa uchafu wa mikono au maji, minyoo yake huweza kufika kwenye ubongo na kumletea kifafa. Leeds sikuwahi kuona mtu akiikagua nyama. Inatoka kwenye karatasi ya nailoni tayari imeshakaguliwa na watu usiowajua. Hapa jicho la mnunuzi ni sehemu ya mapishi. Na hata jicho likiridhika, nyama lazima iive hadi ndani, isibaki na wekundu.

*

Sasa sufuria.

Mara ya kwanza niliharibu. Nilifanya kama trei: nyama, boga, vitunguu, vyote kwa pamoja, nikafunika. Baada ya nusu saa boga lilikuwa uji na nyama imetokota mchuzi wa rangi ya kijivu. Kosa ni la mvuke. Oveni ina hewa kavu inayozunguka, na trei ni pana, kila kipande kinakaa peke yake. Maji yakitoka yanaondoka. Sufuria yenye mfuniko inayazuia, na boga lenyewe zaidi ni maji. Kule chakula kinaokwa hata mpishi akiwa amelala. Huku moto unataka mtu.

Kiswahili kinajua kuchoma, kukaanga, kubanika, kuoka, na kuvumbika, yaani kufukia kitu kwenye majivu ya moto. Chakula hiki kinataka kidogo cha kila kimoja. Kitimoto, yaani nyama ya nguruwe, cha baa za Mpanda ni cha kukaanga: karai, mafuta ya nyama yenyewe, pilipili, ndimu, ndizi pembeni. Kitamu sana, ila ndizi na nyama havijuani hadi vikutane kwenye sahani. Nilichokuwa nakitafuta ni boga linywe mafuta ya nyama, na nyama inywe utamu wa boga, bila yeyote kuzama kwenye maji ya mwenzake.

Mama alikumbuka kwamba utotoni walivumbika boga zima usiku, wakalila asubuhi. Mimi nikakumbuka mkate wa kumimina wa nyumbani Tanga, unaopikwa kwa kupalia makaa juu ya mfuniko. Tukaunganisha.

Nyama peke yake kwanza, upande wa ngozi chini, kwenye sufuria nzito isiyo na tone la mafuta, chumvi ya Uvinza tu. Chumvi hiyo inatoka kwenye chemchemi za mkoa jirani wa Kigoma, na imekuwa ikitembea nchi hii tangu enzi za misafara. Moto mdogo, bila kufunika. Nyama ilitoa maji, maji yakakauka, kisha mafuta yakaanza kuimba. Hapo ndipo tuliigeuza. Dakika 40 zilipita kabla ya kitu kingine chochote kuingia.

Boga tulilichagua kwa ukucha: ukucha ukizama kwenye ganda, hilo bado ni la mboga, ukiteleza, na kikonyo kikiwa kikavu kama ukuni, hilo ni la kuoka. Hatukulimenya. Ganda ndilo linaloshikilia mnofu usivunjike, na mama alikata vipande vikubwa, akavipanga ganda chini juu ya nyama, pamoja na vitunguu vilivyokatwa mara nne, kitunguu saumu na tangawizi. Boga la Leeds, lile la shingo ndefu lililozalishwa Massachusetts miaka ya 1940, lina ganda jembamba na mnofu mkavu. Linavumilia kukatwa dogo. La Litapunga ni ndugu yake wa mbali, kwani maboga yote asili yake ni Amerika, na mbegu za zamani zaidi zilizopandwa na watu zimekutwa Mexico, zina umri wa miaka kama 10,000. Ila hili lina maji zaidi na utamu wake unakuja polepole.

Juu tukaweka kipande cha bati kilichosuguliwa kwa mchanga, makaa yakapaliwa juu yake, na kijiti kikawekwa ukingoni ili mvuke upate njia. Chini makaa machache. Hiki kijiti ndicho kilichotuokoa. Kila nilipoinama niliuona mvuke ukitoka pale, mwembamba, na harufu ikibadilika: kwanza ya boga bichi, kisha ya kitunguu, kisha ile nyingine isiyo na jina inayotokea sukari inapoanza kushika rangi. Mwishoni ikaingia asali iliyochanganywa na ndimu, vijiko vitatu, na dakika kumi zaidi. Kuanzia moto hadi sahani ilikuwa saa moja na nusu.

Juu boga lilikuwa na mabaka ya kahawia, chini linang'aa mafuta. Ngozi ya nyama ililia ilipovunjwa. Tulikula na ugali, jambo ambalo Leeds lisingemwingia mtu akilini, na ugali ulilifaa boga kuliko mkate. Shemeji wa nyumba hii ni Msabato na nguruwe hali. Aliwekewa boga lake lililovumbikwa kwenye majivu ya jiko jingine, na maharage. Alikaa nasi mkekani tangu mwanzo hadi mwisho.

Wakati tunanawa, mama alikuwa anazitenga mbegu kwenye utumbo wa boga. Alinipa chache zilizokaangwa kwa chumvi, nyingine akazisugua kwa majivu na kuzitandaza kwenye bati. Aliniuliza kule Leeds mbegu walizifanyia nini. Nikamwambia ukweli: ziliingia kwenye pipa la taka pamoja na maganda.

Alinyamaza kidogo, mikono yake ikiendelea. Kisha akachagua punje kumi na mbili zilizojaa, akazikunja kwenye karatasi ya daftari la shule la mjukuu wake na kunikabidhi. Nizipeleke Tanga, alisema, na nisizipande mvua ya kwanza ikinyesha. Ningoje ya pili.