Redio Inayosubiri Ruhusa

Mtu akifungua redio ndogo ya betri hapa Dabani, wilaya ya Busia upande wa Uganda, atakutana na lugha nyingi kabla hajafika mwisho wa masafa. Atasikia Kiluhya, Kiganda, Kiingereza, na Kiswahili kinachotoka Kenya. Kituo cha pamoja cha mpakani kilichozinduliwa Busia mwezi Februari 2018 hukagua watu na mizigo, lakini mawimbi ya redio hayapangi foleni pale. Yanapita tu, na anayetaka kusikiliza anahitaji betri.

Redio ya setilaiti si hivyo. Inatoka mbali zaidi na inafika kwenye kila paa, lakini haisikiki mpaka mtu fulani, mahali fulani, aruhusu. Nimelifikiria sana jambo hili kwa sababu ya babu yangu.

Ujanani babu alikuwa mtu wa reli. Aliajiriwa na Shirika la Reli la Afrika Mashariki, akaanzia Tororo, akapelekwa Morogoro, na huko ndiko alikopata Kiswahili chake. Jumuiya ilipovunjika mwaka 1977 alirudi nyumbani na sanduku moja, pamoja na lugha ambayo majirani wengi waliihusisha na askari. Sasa presha ya macho imemwondolea kuona, na kilichobaki cha kumpeleka Tanzania ni sauti. FM za Dar es Salaam hazifiki kwetu. Simu inaweza kuzileta kwa intaneti, ila vifurushi huisha, na kioo cha simu hakimfai mtu asiyeona. Kwa hiyo baba mdogo alipomletea king'amuzi kutoka ng'ambo, yaani Busia ya Kenya, sisi wengine tulifurahia runinga. Babu alifurahi kwamba baada ya chaneli zote za picha kulikuwa na stesheni za redio, na humo mlikuwa na Kiswahili alichokizoea. Alisikiliza salamu, matangazo ya vifo vya watu asiowajua, na mechi za Simba na Yanga, ingawa hajawahi kutuambia yuko upande gani.

Mwezi ulipoisha king'amuzi kilifunga. Kilifunga picha, kikafunga na redio. Stesheni ambayo dereva wa daladala anaisikiliza bure Kariakoo, kwetu ilidai ada ya mwezi.

Kukifungua tena ni kazi ya hatua chache, na niliifanya mimi kwa kuwa macho yangu ndiyo yanayosoma tarakimu ndogo za kadi. King'amuzi kiliandikishwa Kenya, hivyo kilitaka laini ya Kenya yenye M-Pesa. Hilo si tatizo hapa. Wengi wana laini mbili, na mtandao wa Kenya hushika ukisimama karibu na mwembe. Unaingiza nambari ya biashara, kisha nambari ya kadi mahali pa akaunti, kiasi, na nambari ya siri. Ujumbe wa malipo uliingia mara moja. Runinga ikaendelea kutuambia kwamba hatujalipa.

Tulipiga simu huduma kwa wateja. Babu akaomba azungumze mwenyewe.

"Mzee, uko kaunti gani?" aliulizwa.

"Busia, mwanangu."

Alisema kweli tupu. Kenya ina kaunti ya Busia, Uganda ina wilaya ya Busia, na swali halikuuliza nchi. Msichana yule, kwa adabu nzuri, akamweleza kwamba king'amuzi kiwashwe, kiwekwe kwenye chaneli aliyoitaja, na kisizimwe kwa nusu saa. Stima ikakatika kabla nusu saa haijaisha. Tukapiga tena usiku, tukangoja tena, na sauti ikarudi katikati ya taarifa ya habari. Babu alituomba tunyamaze.

Nilitaka kujua kwa nini lazima kiwe kimewashwa. Sababu ni kwamba ruhusa haiji kwa simu wala kwa waya. Kampuni inaituma juu kwenye setilaiti, ambayo iko takriban kilomita 36,000 juu ya ikweta, nayo inaishusha ikiwa imechanganyika na chaneli zote. Ujumbe uliokuwa wa babu peke yake ulishuka kwenye mapaa ya Tororo, Mumias, Kisumu na kwingine kote ambako setilaiti ile inamulika. Kila king'amuzi kilichowashwa kiliupokea na kuupuuza, isipokuwa kile chenye kadi ya nambari ile. Kikiwa kimezimwa wakati huo, ujumbe unapita. Ndiyo maana hata Marekani, wateja wa SiriusXM huambiwa waegeshe gari mahali pa wazi, wawashe redio, na wangoje.

Lugha yetu ilikipa kifaa hiki jina zuri. King'amuzi ni kinachong'amua, kinachotambua kilichofichika. Lakini kazi yake nyingine ni kukataa kung'amua. Sauti ya Dar es Salaam ilikuwa kwenye dishi letu siku zote zile ambazo redio ilikuwa kimya. Malipo yetu hayakuileta. Yaliondoa kufuli tu.

Kuna aliyewahi kujaribu njia nyingine. Noah Samara, mzaliwa wa Ethiopia, alianzisha kampuni ya WorldSpace mwaka 1990, akisema anataka habari za kuokoa maisha, zikiwemo za UKIMWI, ziwafikie Waafrika walio mbali na miji. Setilaiti yake ya AfriStar ilirushwa tarehe 28 Oktoba 1998. Redio zake zilikuwa za kubebeka, na mwanzoni stesheni nyingi zilisikika bila ada. Baadaye kampuni ikaegemea wateja wa kulipa kila mwezi. Hawakutosha, na mwezi Oktoba 2008 ikaomba ulinzi wa mahakama huko Marekani kwa kushindwa kulipa madeni.

Kisa hicho kinanizuia kusema kwamba kila kitu kiwe bure. Setilaiti ni ghali, na asiyelipwa hufilisika. Lakini kina upande wa pili. Mpango wa RANET, uliotumia redio za WorldSpace kupeleka habari za hali ya hewa vijijini, ulizaa jambo jingine upande wa Kenya: chini ya mpango huo Idara ya Hali ya Hewa ilianzisha redio za kijamii za FM, mojawapo ikiwa Bulala FM ya Budalang'i, katika kaunti hiyo hiyo ya Busia, ambako mto Nzoia hufurika. Mkulima wa Budalang'i hahitaji kadi wala nambari ya akaunti ili ajue kwamba mvua kubwa inakuja. Aliyepanga hivyo alielewa kwamba kuna habari zisizofaa kungoja ruhusa.

Ombi langu kwa kampuni za ving'amuzi, na kwa mamlaka za mawasiliano za nchi zetu, ni dogo. Mteja akishindwa kulipa, zifungwe filamu, ifungwe mipira ya Ulaya, lakini stesheni za redio ambazo kwao zinasikika bure ziachwe wazi. Mawimbi yake tayari yanashuka kwenye paa, kwa hiyo kuziacha wazi hakuhitaji setilaiti ya pili.

Kwetu Uganda jambo hili lina uzito zaidi. Mwaka 2022 Baraza la Mawaziri liliamua Kiswahili kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na za sekondari. Vitabu vitahitaji fedha, na walimu watahitaji miaka. Lakini mtoto hajifunzi lugha kwa ngeli na minyambuliko pekee. Anahitaji kuwasikia watu wakitaniana, wakibishana juu ya penalti, wakiwaaga marehemu wao. Mimi nilifika chuoni nikiwa nimeshayasikia hayo yote, kwa sababu nilikua nikikaa chini karibu na kiti cha babu. Mihadhara ya sarufi ikanikuta nina sauti kichwani.

Mwishoni mwa kila mwezi babu huniuliza kama kadi imebakisha siku ngapi. Sasa mdogo wangu wa darasa la nne ndiye anayekaa pale chini. Amejifunza kumwambia dada yetu "shikamoo", na dada humcheka, kisha humjibu "marahaba". Siku kadi ikiisha, darasa hilo nalo hufungwa, wakati mwalimu yuko tayari juu ya paa.