Pete ya Chuma

Mjomba wangu alikuwa jathum, mpiga nyatiti. Akiitwa matangani, iwe hapa Asumbi au kule Rongo, alibeba kigoda chake kifupi, njuga za mguuni na pete ya chuma ya kuvaa kwenye kidole gumba cha mguu. Kwa pete hiyo aligonga ukingo wa nyatiti huku vidole vikichezea nyuzi 8, na mtu mmoja akasikika kama watatu. Zamani nyuzi zilikuwa kano za ng'ombe. Zake zilikuwa za nailoni, uzi uleule wa wavuvi wa Homa Bay. Aliimba usiku kucha juu ya vilio na mbwa, akikatizwa na watu waliotoa pesa ili wajisifu, ndiyo pakruok yenyewe. Alfajiri alirudi hana sauti.

Sisi tulioamshwa na kengele ya misheni tulipenda muziki wa benga. Nyatiti tuliiona kitu cha wazee na misiba. Ni yeye aliyenieleza kwamba magitaa ya benga yalijifunza kutembea kutoka kwenye vidole vya wapiga nyatiti.

Kisha ikaja kanda ya video ya Out of Africa, filamu ya 1985. Tuliitazama tumebanana, jenereta ikinguruma nje. Wenzangu waliwakodolea macho Meryl Streep na Robert Redford. Mimi nilimwangalia Kanuthia, msaidizi wa mwindaji aliyeigizwa na Redford. Maneno yake yalikuwa machache mno, lakini kusimama kwake tu kulijaza kioo. Majina yalipopita mwishoni tukasoma: Job Seda. "Huyo ni wetu!" mtu akapaza sauti gizani.

Sikujua kwamba nitakutana naye tena kwa jina jingine. Ayub Ogada ni Job yuleyule, kwani Ayub na Job ni jina moja. Alizaliwa Mombasa mwaka 1956, akapita kundi la Black Savage, na mwaka 1979 akawa miongoni mwa waanzilishi wa African Heritage Band jijini Nairobi. Bendi hiyo ilitokana na jumba la sanaa la Joseph Murumbi na Alan Donovan, ambako muziki, mavazi na ngoma vilipanda jukwaani pamoja. Naamini huko ndiko alikojifunza kusimama vile. Mwaka 1987 alionekana tena katika filamu ya The Kitchen Toto. Wakati huo alikuwa ameshahamia Uingereza, akipiga nyatiti kwenye vituo vya treni za chini ya ardhi London, mpaka watu wa tamasha la WOMAD wakamsikia.

Kaseti ya En Mana Kuoyo, iliyotoka 1993 kwa Real World, lebo ya Peter Gabriel, nilimpelekea mjomba nyumbani. Alisikiliza ameinamisha kichwa. Wimbo wa Kothbiro ulipoisha, ule wa mvua inayokuja, alisema, "Okewo, rudisha." Okewo, yaani mpwa.

Nikarudisha mara tatu.

"Huyu hashindani na kilio," akasema. "Anapiga kama mtu aliye peke yake na chombo."

Alichukua nyatiti yake na kuvaa pete. Akatulia. Kisha akaivua, akaiweka chini, akaanza kupiga taratibu, kwa vidole tu. Nilikuwa nimemsikia tangu utotoni, lakini sikuwahi kujua kwamba nyuzi zile huendelea kuvuma kwa muda mrefu hivyo baada ya kuachwa. Pete na matanga vilikuwa vimeufunika mvumo huo miaka yote.

Mwaka 2005 Kothbiro ikasikika katika The Constant Gardener, na watu wasiojua neno moja la Kijaluo wakatoka ukumbini wakiulizana ni nani yule. Mjomba hakuiona filamu hiyo. Alikuwa ameshalala, na nyatiti yake ilikuwa ukutani kwangu.

Ogada alirudi Kenya, akafariki tarehe 1 Februari 2019 huko Nyahera, Kisumu. Nilisikia habari hizo redioni ndani ya matatu, karibu na njia panda ya Rongo, kisha wakapiga Kothbiro. Dereva alipunguza mwendo. Hakuna aliyezungumza.

Nilipofika nyumbani niliishusha nyatiti. Nyuzi mbili zilikuwa zimekatika. Kesho yake asubuhi nikashuka Homa Bay, kwa wauzaji wa nyavu, kununua uzi wa nailoni.