Kilimia, Nyota ya Mkulima

Mtu asimamaye nje ya mji wa Nakuru jioni moja ya mwisho wa Aprili, akatazama upande wa Rongai mara baada ya jua kuchwa, aweza kuona, kama mawingu yatampa nafasi, kifungu kidogo cha nyota kilichoinama karibu na vilima. Kesho yake kitakuwa chini zaidi. Mwanzo wa Mei hakionekani tena, na mbingu hukaa bila kifungu hicho kwa muda wa mwezi mmoja au kuzidi kidogo. Kisha, asubuhi moja ya Juni, kabla hakujapambazuka, yule aamkaye mapema kwenda kukamua ng'ombe hukikuta kimezuka upande wa mashariki, kana kwamba kilipita chini ya ardhi.

Hicho ndicho Kilimia. Jina lake latokana na kulima, wala si katika Kiswahili tu. Wakikuyu hukiita Kirimira, na Wazulu, walio mbali sana kusini, hukiita isiLimela. Yaonekana mababu wa watu hawa walikuwa wakishika jembe kwa kutazama nyota hizo hizo, tangu kabla hawajaachana njia. Wenyeji wa Bonde la Ufa ambao si wa lugha za jamaa hiyo nao hawakuzisahau. A. C. Hollis, katika kitabu chake juu ya Wamaasai cha mwaka 1905, aliandika kwamba wao huzihesabu nyota sita, zinazofuatana kama ng'ombe, na kwamba zinapotoweka hujua kuwa mvua kubwa imekwisha. Katika kitabu chake cha mwaka 1909 juu ya Wanandi alieleza ya kuwa kwao huitwa Koremerik, nao hutazama kuonekana kwake ili kujua kama mavuno yatakuwa mema au mabaya. Basi mfugaji na mkulima, ambao mara nyingi waligombania malisho na maji, walikuwa wakisoma kalenda moja.

Nyota hizi zina tabia za ajabu. Mwenye macho ya kawaida huona sita, mwenye macho makali huona saba au zaidi, na wataalamu wenye darubini wamehesabu kupita 1,000. Tena, ukizikazia macho hufifia, lakini ukitazama kando kidogo hung'aa. Ziko mbali hata mwanga wake husafiri miaka ipatayo 440 kabla ya kutufikia. Mwanga unaoingia jichoni mwa mchungaji wa leo ulianza safari kabla Wareno hawajaanza kujenga Ngome ya Yesu huko Mombasa mwaka 1593. Na kule kupotea kwake si siri tena: katika mwezi wa Mei jua hupita upande ule ule wa mbingu, na nyota hufunikwa na mwanga wake.

Hapa ndipo lizukapo swali zito. Watu wa pwani husema, "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua." Je, neno hilo laweza kuaminiwa na mtu mwenye shamba la mahindi huko Njoro au Bahati? Si kwa ukamilifu. Katika nchi ya Nakuru mvua kubwa huanza Machi au Aprili, lakini haikomi Kilimia kinapozuka. Mara nyingi huzidi tena mwezi wa Agosti. Mkulima ambaye angefuata neno la pwani bila kulipima angestaajabu kuona mahindi yake yakinyeshewa wakati alipotazamia jua.

Na miaka ya karibuni imetoa fundisho kali zaidi. Tangu mwisho wa mwaka 2020 hata mwisho wa 2022, mvua za misimu mitano mfululizo zilipungua sana katika sehemu kavu za Kenya, na mifugo mingi ikafa. Kilimia kilizama na kuzuka kwa siku zake, bila kukosa. Kisha ikaja Aprili ya mwaka 2024. Nyota zilikuwa zikishuka magharibi nyuma ya mawingu mazito, na alfajiri ya tarehe 29 maji yakaporomoka juu ya watu waliolala huko Mai Mahiu, yakaua zaidi ya 40. Hapana nyota iliyowaonya.

Je, wazee walidanganya? La. Mzee mwenye busara, akiulizwa na mjukuu wake, "Babu, ni kweli Kilimia huleta mvua?" aweza kumjibu hivi: "Hapana, mjukuu wangu. Wawike majogoo, wasiwike, kutakucha. Jogoo haleti asubuhi, lakini aliyemsikia hakulala." Kilimia ni jogoo wa mwaka. Hakina amri juu ya mawingu. Kazi yake ni kumwambia mtu kwamba siku zimefika: mbegu ziwe tayari, jembe liwe na mpini, mifereji izibuliwe, na aliyejenga katika njia ya maji afikiri mara mbili. Yaliyobaki yataka kipimo cha mvua na habari za watabiri wa hali ya hewa, na mtu mwenye akili hatavidharau vitu hivyo kwa sababu babu yake hakuwa navyo.

Lakini iko hasara nyingine, isiyosikika kama radi. Nakuru ilipewa cheo cha jiji tarehe 1 Desemba 2021, na taa zake sasa hung'aa usiku kucha hata chini ya Menengai. Watoto wengi waliozaliwa mle hawajapata kuonyeshwa Kilimia, wala hawajui kwamba jina lake ni kazi ya babu zao. Novemba, mahindi yanapovunwa, kifungu hicho huzuka mashariki magharibi yaingiapo, nacho hukaa mbinguni usiku mzima. Mzazi amchukue mtoto wake nje, mahali pasipo taa, amwambie azihesabu. Akiona sita, vema. Akiona saba, na amshukuru Mungu kwa macho yake.