Damu Isiyo ya Siku Zake

Likizo ya Juni mwaka 1994 nilikuwa kidato cha pili, na kama likizo nyingine zote nilikwenda kukaa kwa mama mdogo Kiwira. Juni ya kule ni ya baridi inayoshuka na ukungu kutoka Mlima Rungwe, na pa kukaa pamoja na watu ni jikoni. Nilikuwa namenya ndizi za mbalaga, mikono nimeipaka mafuta ili utomvu usinigande. Mama mdogo akawatuma watoto maji, akaurudisha mlango nusu, akachochea kuni ambazo zilikuwa zinawaka vizuri tu. Halafu akauliza bila kunitazama.

"Mwanangu, wewe unasoma baiolojia. Mtu akishakuwa na mumewe usiku, asubuhi akaona damu kwenye kanga, na siku zake zilishapita wiki mbili, vitabu vyenu vinasemaje?"

Nilijua "mtu" ni nani. Nilikuwa na miaka 16, na masikio yaliniwaka kwa aibu. Kitabu chetu kilikuwa na mchoro wa via vya uzazi vya mwanamke, na nilikuwa nimeupaka rangi vizuri kwa penseli. Mlango wa kizazi ulikuwa humo, kijistari na jina lake pembeni. Mwalimu aliupitia ukurasa ule haraka kwa sababu wavulana walikuwa wanacheka. Kwa hiyo jina nililijua, lakini kwamba mlango huo unaweza kuugua, na kwamba ukiugua huanza kusema kwa namna ile ile aliyokuwa ananieleza mama mdogo, hilo sikuambiwa na mtu.

Lakini nilijibu. Msomi wa familia hawezi kukosa jibu. "Labda ni umri, mama. Siku zikikaribia kukoma huwa zinavurugika."

Alikuwa na miaka 43. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Ndaga, mwanangu," asante kwa Kinyakyusa, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyetuliwa mzigo. Tukaendelea kupika.

Mama mdogo aliuza ndizi na viazi sokoni Kiwira, pale pembeni mwa barabara ya Mbeya na Tukuyu, ambapo malori husimama usiku na mchana. Alijua kupanga fungu, alijua dereva gani hulipa na yupi huahidi. Mwili wake aliujua pia. Alijua hedhi yake ni ya siku nne, alijua majimaji ya katikati ya mwezi, alijua kwamba mbegu za mwanamume humiminika zikatoka asubuhi na kwamba hiyo si dalili ya kutoshika mimba, kwani alishika mimba sita kwa namna hiyo hiyo. Wanawake wa kizazi chake walifundishwa. Monica Wilson, aliyeishi kwa Wanyakyusa katika miaka ya 1930 pamoja na mumewe Godfrey, aliandika kwa kirefu juu ya mila za kumwingiza binti katika utu uzima na ndoa, na juu ya mwiko mkali wa mkwe wa kike kujificha asionane na baba mkwe wake. Nimesoma hayo ukubwani, nikamwona mama mdogo humo: mwanamke aliyefundwa usafi, heshima na uvumilivu, na aliyejua watu gani hutakiwi kutokea mbele yao. Mafundisho yale siyadharau. Yalimpa maneno ya mambo mengi kuliko niliyopewa mimi shuleni. Ila wakufunzi wake hawakuwahi kuuona mlango wa kizazi, hivyo hawakuwa na la kumwambia juu yake, nami niliyekuwa na mchoro wake kitabuni sikuwa na la kumwambia pia.

Damu ilirudi. Mwaka uliofuata ukaongezeka uchafu wenye harufu, naye akaanza kujiosha ndani kwa maji ya chumvi na majani. Akaenda kupata matibabu mahali ambapo sitapataja. Akaeleza "tumbo la chini", kwa sababu aliyekaa mezani alikuwa kijana wa umri wa mwanawe na dirisha lilikuwa wazi kwa foleni. Akapewa vidonge vya rangi mbili, na mara ya pili sindano za penisilini, zile za PPF. Mara ya tatu akaambiwa amlete mumewe. Mume akakataa, akisema yeye haumwi. Katika safari zote tatu hakuna aliyempandisha kitandani amtazame.

Ilikuwa miaka ya ukimwi, na mkoa wa Mbeya ulikuwa miongoni mwa mikoa iliyoumizwa sana. Mwanamke akikonda pembeni mwa barabara ya malori, watu walikuwa na jibu kabla ya swali. Wenzake sokoni wakaacha kunywea kikombe chake. Wengine walisema kuna mkono wa mtu. Baba mdogo akahamia chumba cha nje. Mama mdogo hakuwahi kuwa na mwanamume mwingine zaidi yake, na nadhani hilo ndilo lililomuuma kuliko maumivu ya kiuno: kutokwa na damu kulikuwa kunamshtaki kwa kosa ambalo hakulitenda.

Laiti ningekuwa na maneno niliyo nayo leo, ningemwambia pale jikoni. Saratani ya mlango wa kizazi karibu yote huletwa na kirusi kinachoitwa HPV. Kinapita ngozi kwa ngozi katika kujamiiana, na kimeenea kiasi kwamba wengi wa wanaojamiiana hukipata wakati fulani maishani. Mwanamume mmoja anatosha kukuletea, naye asijue kamwe kwamba anacho. Mara nyingi mwili hukifukuza wenyewe ndani ya mwaka mmoja au miwili. Pale kinapong'ang'ania hubadilisha chembe za mlango wa kizazi taratibu, miaka 15, hata 20, bila maumivu yoyote. Kwa mwenye virusi vya ukimwi asiyetumia dawa safari hiyo huwa fupi zaidi. Ina maana kile alichokiona mama mdogo kwenye kanga yake akiwa na miaka 43 huenda kilipandwa alipokuwa bibi harusi. Hakukuwa na umalaya ndani yake wala mkono wa mtu.

Elimu hiyo ilikuwepo duniani. Mwaka 1983 Harald zur Hausen na wenzake huko Ujerumani walikuwa wameshakitambua kirusi cha HPV namba 16 ndani ya uvimbe wa saratani hiyo, kazi iliyompatia Tuzo ya Nobel mwaka 2008. Miaka 11 kamili kabla ya swali la jikoni. Na kipimo cha kukwangua chembe za mlango wa kizazi ili kuona dalili za mapema kilikuwa kinatumika katika nchi tajiri tangu kabla mama mdogo hajazaliwa. Huwa nafikiria umbali huo: jambo linajulikana kwingine, na mwanamke wa Kiwira analiuliza kwa mtoto wa kidato cha pili.

Mwaka 1996 ndipo alipofikishwa hospitali Mbeya mjini, nami nikiwa kidato cha nne nikamsindikiza. Daktari wa kike alimpandisha kitandani, akatumia kile kifaa cha kupanulia njia, akatazama muda usiofika dakika tatu. Alipovua glavu alikuwa kimya. Kisha akauliza, "Mama, hii damu baada ya tendo la ndoa ilianza lini?"

Mama mdogo akanitazama. Mimi nilikuwa nakumbuka mwezi, nakumbuka chakula, nakumbuka utomvu mikononi. Naye alikumbuka, niliona kwamba alikumbuka. Akamgeukia daktari akasema, "Sikumbuki, mwanangu."

Wakati ule mionzi ya kutibu saratani kwa nchi nzima ilipatikana Ocean Road tu, kule Dar es Salaam ufukweni, katika majengo yaliyoanzishwa na Wajerumani. Ni zaidi ya kilomita 800 kutoka Mbeya. Tulimpeleka kwa treni ya TAZARA, akalazwa kwa wiki kadhaa, damu ikapungua, akarudi. Alifariki kabla mwaka haujaisha. Msibani watu waliendelea kusema ukimwi, na mimi sikusimama kuwakanusha.

Leo nina miaka mingi kuliko aliyofikisha yeye. Ninaporudi Kiwira naona vitu ambavyo angevishangaa. Nchi ilianza na majaribio ya chanjo ya HPV mkoani Kilimanjaro mwaka 2014, na mwezi Aprili 2018 ikaieneza kote kwa wasichana wa miaka 14. Tangu Aprili 2024 inatolewa dozi moja kwa wasichana wa miaka 9 hadi 14. Mjukuu wa mama mdogo amechanjwa shuleni, akarudi nyumbani analalamikia bega tu. Bibi yake hakumwona, lakini bibi yake ndiye aliyenifanya niuze kuku wawili ili nipande basi kwenda kumsihi baba wa mtoto yule, aliyekuwa amesikia kwamba sindano hiyo inafunga kizazi. Haifungi kizazi. Inakilinda.

Na uchunguzi umekuwa rahisi kiasi cha kuniuma. Muuguzi anapaka siki kwenye mlango wa kizazi, anasubiri dakika moja hivi, na sehemu yenye chembe zilizobadilika inageuka kuwa nyeupe. Siki ya aina hiyo hiyo tunayoijua, iliyopimwa ukali wake. Doa dogo linaweza kugandishwa kwa baridi au kuunguzwa siku hiyo hiyo, mama akatembea mwenyewe kurudi nyumbani. Shirika la Afya Duniani linashauri wanawake waanze kuchunguzwa wakifika miaka 30, na wanaoishi na virusi vya ukimwi waanze mapema, wakifika 25, kwa kuwa hatari kwao ni takriban mara sita.

Hata hivyo makadirio ya mwaka 2020 kwa Tanzania yalikuwa ya wagonjwa wapya wa saratani hii zaidi ya 10,000 na vifo zaidi ya 6,000 kwa mwaka. Ndiyo saratani inayoua wanawake wengi kuliko nyingine zote nchini. Nikikaa sokoni nawasikia wasichana, wana simu, wana maneno ambayo sisi hatukuwa nayo, lakini kila kitu kimekuwa yutiai, yaani maambukizi ya njia ya mkojo. Kuwashwa ni yutiai, harufu ni yutiai, damu baada ya tendo nayo ni yutiai sugu. Wanapita duka la dawa, wanapewa vidonge, hakuna anayewapandisha kitandani. Vidonge vya rangi mbili vimebadilika rangi. Mkojo unaochoma baada ya kujamiiana mara nyingi ni njia ya mkojo kweli, na kukojoa mara baada ya tendo kunaweza kusaidia. Lakini kibofu si mlango wa kizazi. Na wengine bado wanajiosha ndani, siku hizi kwa sabuni zenye manukato, wakiufukuza ulinzi ambao uke umejitengenezea wenyewe.

Mwaka jana nilikuwa tena jikoni pale pale, bati jipya, moshi ule ule. Binti mkubwa wa mama mdogo, ambaye 1994 alikuwa miongoni mwa waliotumwa maji, alikuwa anamenya ndizi. Mlango ulikuwa wazi.

"Dada," akasema, "tangu mwezi wa tatu nikishakuwa na shemeji yako naona damu. Si siku zangu."

Nilisikia kisu kikianguka, ni changu. Safari hii sikuwa na jibu, na nilimwambia hivyo. Nilimwambia ni lazima atazamwe, kwamba mara nyingi huwa si saratani, inaweza kuwa maambukizi, inaweza kuwa kinyama kidogo kisicho na madhara, lakini kwa kusimulia tu hakuna anayeweza kujua, si mimi, si muuza dawa. Akauliza kama inauma. Nikamwambia inakera kidogo. Kesho yake asubuhi, kwenye ukungu, tukatoka.

Kwa siku ile nitangulize habari njema: siki haikuonyesha doa. Mlango wa kizazi ulikuwa umevimba kwa maambukizi, akapewa dawa zake na za mumewe, na shemeji yangu akazimeza mbele yetu bila neno, Mungu ambariki. Muuguzi akamwambia damu ikirudi naye arudi, asingoje tarehe.

Lakini kinachonirudia usiku ni kabla ya hapo, tulipokuwa kwenye benchi na akina mama wengine, na muuguzi akatoka na daftari lake akauliza tatizo ni nini na lilianza lini. Niliinamisha kichwa, mazoea. Mdogo wangu hakuinamisha. Alisema, kwa sauti ya mtu anayetaja bei ya fungu la viazi, "Natoka damu baada ya tendo la ndoa, tangu tarehe 9 mwezi wa tatu." Mama mmoja mzee pembeni yetu, kitenge begani, akageuka akamtazama kwa muda mrefu. Kisha akasogea karibu na muuguzi, akamshika mkono, akaanza kusema polepole kwamba hata yeye.