Seng'enge ya mama, na mita zilizojificha kwenye mafundo

Nimepotea kidogo, majaribio yalitubana na bumu nalo likachelewa, si mnajua tena. Leo sina habari za chuo, nina habari ya nyumbani Tinde. Kwa msiopajua, ni pale ukitokea Nzega barabara inapogawanyika, moja inaenda Shinyanga na Mwanza, nyingine Isaka na Kahama.

Mama ana kashamba ka mahindi na viazi nyuma ya nyumba. Minyaa iliyokuwa uzio imekufa sehemu kubwa, na msimu uliopita mbuzi wa jirani waliingia mara mbili. Mara ya pili kesi ikafika kwa mtendaji wa kijiji, na mpaka leo salamu za asubuhi zimepungua. Sasa mama kauza mbuzi wake wanne ili anunue seng'enge. Hela ni hiyo hiyo, hakuna nyingine.

Akanipigia: "Mwanangu, mdogo wako kapima, ni 70 kwa 40. Nataka mistari mitatu. Ninunue mita ngapi?"

Hesabu ya haraka haraka: 70 na 40 ni 110, mara mbili 220, mara tatu 660. Lakini kabla ya kujibu nikamuuliza, "Mama, dogo kapima na nini?" Kumbe kachukua kamba ya ng'ombe, kaipiga fundo kila mita 10, halafu kahesabu fundo lililo karibu zaidi!

Hapo ndugu zangu ndipo penyewe. Namba 70 iliyokadiriwa kwenye kumi iliyo karibu inaweza kuwa chochote kuanzia 65 hadi karibu kabisa na 75. Hiyo 40 nayo ni kuanzia 35 hadi karibu na 45. Kwa hiyo kiwango cha juu cha mzingo ni 75 jumlisha 45, mara mbili, yaani mita 240. Cha chini ni 200. Kila upande unaweza kuficha mita 5, na mstatili una pande nne, basi zinafika 20. Shamba liwe kubwa au dogo, haijalishi: ukikadiria kwa mita 10 mzingo unaweza kuzidi hadi mita 20, ukikadiria kwa mita 1 unazidi hadi mita 2 tu.

Darasani tungeandika 240, tukapigia mstari, tukafunga daftari. Mama hawezi. Akinunua za 240, ni mita 720, na huenda hela ya mbuzi mzima ikalala stoo. Akinunua 660 anabahatisha, na mbuzi wa jirani hawana habari na makadirio, wao wanatafuta pengo.

Nikamwambia aazime tepu kwa fundi ujenzi, wapime upya kwa mita. Dogo akanuna ("ndo mambo ya chuo hayo!"), ila akapima. Ikatoka 73 kwa 42. Sasa kiwango cha juu ni 73.5 jumlisha 42.5, mara mbili, mita 232. Mistari mitatu ni 696, na kidogo cha kuzungushia kwenye nguzo. Zimeokoka mita 24 za kununua bure. Na zile 660? Hata kwa kiwango cha chini cha vipimo vipya, mita 228 kwa mstari, zingepelea mita 24. Hapo mbuzi anapita na wanawe.

Basi mdau, ukiambiwa shamba, kiwanja au ukuta ni kadhaa kwa kadhaa, usikimbilie kujumlisha. Uliza kwanza kimepimwa na nini. Kuazima tepu mama hakulipa hata senti.

Juzi wameanza kuchimba mashimo ya nguzo, na nasikia jirani kapita akasema "mwadila". Mama kaitikia. Haya, kipindi cha saa nane kinaniita. Tuwasiliane!