Magofu Yetu Yana Wenyewe

Kwa miaka kadhaa sasa, kila chuo kinapofunga, huchukua daftari na kamera nikaenda kuyatazama majengo yaliyohamwa na watu. Wenzangu hushangaa: mhadhiri mzima anatafuta nini katika kuta zilizoota nyasi? Natafuta jibu la swali moja. Ni nani anayeamua kwamba jengo hili ni historia na lile ni takataka?

Iringa inatoa nusu ya jibu. Boma la mjini lilijengwa na Wajerumani mwaka 1914 liwe hospitali ya jeshi; Waingereza wakalifanya ofisi za utawala; tangu 2016 ni makumbusho. Jengo la dola iliyoibomoa kwa mizinga ngome ya Mkwawa pale Kalenga mwaka 1894 leo linawasimulia wajukuu wa Wahehe habari za babu zao. Hiyo ni kazi njema, nami naisifu.

Nusu ya pili iko Mbeya, mji ulioanzishwa mwaka 1927 kwa sababu ya dhahabu ya Lupa. Hapo kuna uwanja wa ndege wa zamani, ulioachwa baada ya ule wa Songwe kufunguliwa Desemba 2012. Kuna pia kiwanda cha Zana za Kilimo, ZZK, kilichokuwa kikifua majembe ya mkulima wetu. Jembe limo katika nembo ya taifa, lakini waliolifua hawajawekewa hata kibao. Mzee mmoja aliyefanya kazi kiwandani humo alinisimulia kwa saa mbili habari za tanuru, zamu za usiku na siku walipoambiwa warudi nyumbani. Alipomaliza alisema, "Mwalimu, wewe ndiwe wa kwanza kuniuliza."

Kauli hiyo ndiyo hoja yangu. Mkoloni aliacha majalada, kwa hiyo boma lake lina pa kuanzia. Mfanyakazi wa kiwanda cha umma ameacha kumbukumbu zilizo kichwani mwake tu, na kila msiba unaondoka na sehemu yake.

Wapo watakaosema magofu ni maficho ya vibaka na ardhi ya mjini ni mali. Ni kweli, wala sidai kila ukuta ubaki. Panapostahili kubomolewa pabomolewe, lakini paandikwe kwanza: picha zipigwe, ramani zitunzwe, wazee warekodiwe kabla mitambo haijauzwa kama chuma chakavu. Halmashauri zina mamlaka hayo, na vyuo vyetu vina wanafunzi wanaotafuta mada za tasnifu.

Tunahubiri viwanda vipya kila uchaguzi. Tutavijengaje vidumu ikiwa hatujui vile vya kwanza vilikufa kwa ugonjwa gani? Wanaoujua wangali hai, wengine ni jirani zako. Waulize mwaka huu.