Mji Uliochelewa Miaka Mitatu

Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalihesabu kuwa la kale, bila mjadala, jengo lolote lililosimamishwa Tanzania Bara kabla ya 1863. Kilwa imepona, Kaole imepona, na hata magofu ya Kunduchi, mwendo wa daladala kutoka mjini, yamepona. Katikati ya Dar es Salaam hakuna kilichopona. Boma la Kale, pale Barabara ya Sokoine inapokutana na ya Morogoro, Sultani Majid bin Said alilijenga mwaka 1866 na 1867. Limechelewa miaka mitatu. Kila jengo la mji huu linalolindwa linalindwa kwa sababu kuna waziri aliyetia saini kulitangaza, na kila lisilotangazwa ni kiwanja tu chenye tofali juu yake.

Hayo tuliambiwa na binti aliyetutembeza, kabla hata hatujatoka kivulini. Boma hilo sasa ni makao ya DARCH, kituo cha urithi wa usanifu majengo, na matembezi mengi ya mjini huanzia hapo. Kundi letu lilikuwa la mchanganyiko: wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Ardhi, Wajerumani wawili, mume na mke, mama mmoja aliyekuja na mjukuu wake, na mzee mstaafu wa Reli aliyevaa kofia ya kiua na viatu vilivyong'arishwa kama anakwenda kufunga ndoa. Saa mbili na nusu asubuhi, na jasho lilikuwa limeshaanza kututoka.

Binti alitusogeza hadi mahali ambapo lipu imeachwa wazi makusudi ili ukuta uonekane ulivyo. Ni mawe ya matumbawe, yameshikanishwa kwa chokaa na mchanga. Ukiyaangalia kwa karibu unaona vitundu vidogo vidogo vilivyopangana kama sega, vya viumbe walioishi baharini kabla ya kuwa ukuta. Mjukuu alichomeka kidole, bibi yake akamchapa mkono. Halafu tukaambiwa tutazame dari: boriti za mkoko, nyeusi, zimelala sambamba. Boriti ikizidi mita tatu hivi huanza kupinda kwa uzito, ndiyo maana vyumba vya nyumba za zamani za pwani vinaweza kurefuka mwenyewe apendavyo lakini haviwezi kupanuka. Nimelala katika vyumba vya namna hiyo Lamu na Unguja, na siku zote niliona wembamba wake ni mtindo tu wa watu wa zamani. Kumbe aliyepima chumba ni mti.

Habari za Majid zilikwenda haraka. Alitaka bandari yake bara, karibu na kijiji cha Mzizima, mbali na fitina za Unguja. Akafa 1870 kazi haijakamilika. Nduguye Barghash aliyemrithi hakuwa na hamu nayo, mji ukasinzia hadi Wajerumani walipohamishia hapa makao yao makuu kutoka Bagamoyo mwaka 1891. Kuanzia hapo, tukifuata barabara ya bandarini kuelekea mashariki, ni kazi ya Wajerumani mtindo mmoja: Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu, lililojengwa kati ya 1897 na 1902, na mbele yake Azania Front na paa lake la vigae vyekundu. Mjerumani wetu aliupenda sana mnara wa Azania. Alisema unamkumbusha kwao, jambo ambalo nadhani ndilo waliolijenga walilokusudia.

Mimi nilivutwa zaidi na nyumba ambayo wapita njia wengi hawaigeukii kabisa: Atiman House, jirani na Mtakatifu Yosefu. Ni ya enzi ya Majid, na baadaye ikawa ya mapadri wa White Fathers. Adrian Atiman, aliyepewa jina la nyumba hii, alizaliwa karibu na Timbuktu, akatekwa utotoni akauzwa utumwani, mapadri wakamkomboa huko Algeria na kumpeleka Malta kusomea udaktari. Mwishoni mwa miaka ya 1880 alifika Karema, ufukweni mwa Ziwa Tanganyika, na huko alitibu watu hadi uzee wake. Alifariki 1956. Fikiria njia hiyo: jangwa, Mediterania, kisha ziwa la bara ambalo wakati ule kulifikia ilikuwa miezi ya kutembea kwa miguu. Mzee wa Reli alitikisa kichwa. “Reli yetu ilifika Kigoma 1914,” alisema. “Huyu daktari alikuwa ameshatibu huko robo karne.” Binti aliandika hiyo kwenye simu yake. Baadaye niligundua kwamba alikuwa akifanya hivyo kila mzee anapofungua mdomo, na nikamheshimu kwa hilo, maana waongozaji wengi niliokutana nao huvumilia nyongeza za wageni kama mtu anavyovumilia mbu.

Tukakata kuingia mjini hadi Mtaa wa Samora, kwenye ile sanamu ambayo madereva huijua kama mzunguko na wakongwe wa mji huiita Bismini. Askari wa shaba amenyoosha bunduki yenye singe kuelekea bandarini. Wengi tunapita hapo kila siku bila kujua kwamba si sanamu ya kwanza kusimama mahali hapo. Mwaka 1909 Wajerumani walimsimamisha Hermann von Wissmann, gavana aliyezima upinzani wa Abushiri, na chini ya miguu yake wakamweka askari Mwafrika akimtazama bwana wake, na simba aliyekufa. Waingereza walipouteka mji 1916 waliing'oa. Ikapelekwa London, kisha Hamburg, ambako ilisimamishwa tena mwaka 1922 chuoni, mpaka wanafunzi wa huko walipoiangusha mwishoni mwa miaka ya 1960. Mama wa Kijerumani alikuwa amesoma Hamburg. Alisimama kimya akasema hajawahi kuambiwa ilikotoka.

Askari wa sasa aliwekwa 1927 kuwakumbuka Waafrika waliokufa katika Vita vya Kwanza. Maneno yameandikwa kwa Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili, na yale ya Kiingereza yalitungwa na Rudyard Kipling. Ukiyatafuta majina ya marehemu huyakuti hata moja. Waliokufa zaidi hawakuwa wa bunduki, walikuwa wapagazi, makumi ya maelfu, wengi wao kwa kuhara, malaria na njaa. Nairobi, kwenye sanamu ya dada yake, mpagazi amesimama juu pamoja na wapiganaji. Hapa juu yuko askari peke yake. Mkokoteni wa madafu ulikuwa umeegeshwa kwenye kivuli cha duka jirani, tukanywa, mzee akalipa kwa ajili ya kundi lote na hakutaka ubishi.

Kutoka hapo hadi Mnara wa Saa, uliojengwa kuadhimisha Dar es Salaam kupewa hadhi ya jiji mwaka 1961, na kuingia Uhindini, macho yanabidi yapande juu. Chini ni vioo na mabango ya simu. Ghorofani, chini ya rangi iliyobanduka, kuna miaka na majina ya familia yaliyochongwa kwa saruji, vibaraza vilivyopindwa kama ubavu wa meli, herufi za Kigujarati. Baba alifungua duka chini akakaa juu na wanawe. Halafu ikaja sheria ya mwaka 1971: jengo la kupangisha lenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000 likawa la serikali, likawa mikononi mwa Msajili wa Majumba. Wengi wa wenye nyumba waliondoka nchini. Wapangaji waliobaki walilipa kodi ndogo, na kodi ndogo haikarabati paa. Lakini, hapa nitasema jambo ambalo huenda likawaudhi baadhi ya watu, umaskini huo ndio uliotuhifadhia Uhindini. Fedha zilipopatikana, nyundo zikaja nazo. Machi 2013 ghorofa 16 lililokuwa likijengwa Mtaa wa Indira Gandhi liliporomoka likaua watu 36. Binti alitaja tarehe, akakaa kidogo, tukaendelea.

Ni pale Mtaa wa Jamhuri ndipo mzee wa Reli alipouliza swali ambalo nadhani alikuwa nalo tangu Boma.

“Binti yangu, umetuonyesha ya Mwarabu, umetuonyesha ya Mjerumani, umetuonyesha ya Muhindi. Nyumba ya babu yangu iko wapi?”

Wanafunzi walicheka. Binti hakucheka. “Babu yako, mzee wangu, alijenga kwa fito na udongo. Makuti hayadumu.”

“Yangedumu kama yangeruhusiwa kubadilishwa.”

Na hapo ndipo somo lenyewe la mji huu lilipo, wala si kwenye vigae vya Azania. Wajerumani, na Waingereza baada yao, waliugawa mji kwa aina ya nyumba. Ufukweni ni nyumba za mtindo wa Kizungu, ikafuata sehemu ya maduka na nyumba za mawe, na mbali kabisa nyumba za Kiafrika. Haikuandikwa kwamba mtu mweusi haruhusiwi, iliandikwa tu nyumba iwe ya namna gani, na gharama ikamalizia kazi. Kati ya sehemu ya pili na ya tatu pakaachwa uwanja mtupu, Mnazi Mmoja, kuzitenganisha. Matembezi ya kawaida huishia hapo, kwenye Mnara wa Uhuru. Ni sawa na kusema kwamba matembezi ya urithi huishia pale pale ambapo mkoloni alitaka mji uishie.

Mzee alikataa kuishia. Wajerumani wakasema miguu bado wanayo, bibi akampandisha mjukuu mgongoni, tukauvuka uwanja. Mtaa wa Lumumba tulisimama dakika chache tu mahali TANU ilipozaliwa tarehe 7 Julai 1954, kwa sababu haiwezekani kusimama zaidi: bajaji, maguta, vijana wenye marobota kichwani wakipiga kelele za “njia, njia!” Ilikuwa kambi ya Carrier Corps, ya wapagazi wale wale wasio na majina, ndiyo ikawa Kariakoo. Mbele kidogo lilikuwa soko lililosanifiwa na Beda Amuli na kufunguliwa 1975, paa lake la zege limechanua kama uyoga mkubwa uliopangwa kwa safu. Liliungua Julai 2021, na wanafunzi wa Ardhi walijua mengi kuhusu hilo paa kuliko binti. Akawaachia wao waeleze.

Nyumba ya babu tuliikuta barabara ya pembeni, imebanwa kati ya maghorofa mawili kiasi kwamba jua huifikia adhuhuri tu. Baraza mbele, mlango katikati, ukumbi mrefu unaokwenda moja kwa moja hadi uani, vyumba vitatu kulia, vitatu kushoto. Paa ni bati lenye kutu. Upande mmoja saruji imedondoka, fito zimeonekana, zimefungwa kwa kamba ya ukindu juu ya udongo mwekundu uliokauka ukawa mgumu kama chungu. Mzee alipiga hodi. Mama mtu mzima alitoka akifunga kanga vizuri, tukamwamkia, akaitikia marahaba kwa kila mmoja wetu pasipo haraka.

Vyumba vinne kati ya sita ni stoo za wafanyabiashara: viatu vya plastiki kutoka China hadi darini. Yeye anaishi katika viwili vya nyuma. Warithi ni kumi na moja, alisema, na mwekezaji ameahidi kila tawi la ukoo litapata fleti moja juu. “Kikao ni baada ya Idi. Mimi siwezi kuwazuia, hata mimi ngazi nazijua bado.” Mwanafunzi mmoja alimwomba ruhusa ya kupima nyumba, kuta, madirisha, kila kitu, aichore. Akaruhusiwa. Mzee wa Reli alikuwa ameshakaa barazani na kikombe cha kahawa kutoka kwa muuza kahawa aliyepita, akionyesha kwa mkono mahali ambapo, kwao Gerezani, kitanda cha kamba cha babu yake kilikuwa kikitandikwa jioni.

Binti alimsogelea mwenye nyumba akamuuliza, kwa adabu, kama angeweza kuwaleta wageni wengine Jumamosi ijayo, na Jumamosi zinazofuata mpaka hicho kikao.

Mama alitutazama, akahesabu vichwa. “Elfu mbili kila mtu,” alisema. “Wazungu elfu tano. Na uani mvue viatu, nimeshapiga deki.”